Macho ya Jeshi: shajara ya mchezo wa ubao kuhusu rugaruga, 1914–1918

Machi

Klabu ya historia ya shule yetu hapa Tabora imekubali kutengeneza mchezo wa ubao kuhusu Vita Kuu ya Kwanza katika Afrika Mashariki. Wanafunzi wa kidato cha tatu wamechoka kukariri kwamba Wajerumani waliongozwa na Paul von Lettow-Vorbeck, kwamba Tanga ilipiganiwa Novemba 1914, na kwamba vita viliishia Mbala, kwenye Zambia ya leo, tarehe 25 Novemba 1918. Wanataka kuelewa iliwezekanaje jeshi dogo lizungushwe nchi nzima kwa miaka minne, likifukuzwa na majeshi ya Uingereza, Ubelgiji na Ureno, bila kutiwa mkononi.

Jibu langu, ambalo ndilo mhimili wa mradi, ni kwamba jeshi lile lilikuwa na macho. Mbele yake na ubavuni mwake walitembea rugaruga, watu wasio na sare, wenye gobore, mkuki au panga, waliojua kisima kipi bado kina maji na kijiji kipi kimeshaliwa chakula chote. Vitabu vya shule vinawapa sentensi moja, vikikumbuka. Sanamu ya Askari pale Dar es Salaam, iliyozinduliwa mwaka 1927, ni ya askari mwenye sare na singe. Rugaruga tutamweka sisi, kwenye ubao.

Sababu nyingine ni ya hapa hapa nyumbani. Urambo iko magharibi yetu, mwendo wa saa chache tu kwa basi. Huko ndiko Mirambo alikoijenga dola yake kabla ya kufa mwaka 1884, na nguvu yake ilikuwa rugaruga: vijana waliowahi kuwa wapagazi wa misafara, mateka wa vita, watoro, watu waliokatika na koo zao. Walitembea usiku, wakashambulia alfajiri, jua likipanda hawapo. Agosti 1871 Waarabu wa Tabora, Henry Morton Stanley akiwa upande wao, walikwenda kumpiga. Kikosi cha Saud bin Said kiliingia Wilyankuru, kikateka boma, kikapora pembe za ndovu na watu. Mirambo hakuling'ang'ania boma. Aliwalaza watu wake kwenye nyasi kandokando ya njia ya kurudia, akangoja washindi wale wajitwishe mizigo, ndipo akawainukia. Saud aliuawa pamoja na wengi wa wenzake. Kabla mwezi haujaisha Mirambo aliingia Tabora yenyewe.

Nimewasomea wanafunzi kisa hicho kabla hatujachora hata mstari. Binti mmoja akauliza, "Mwalimu, alijuaje watapita njia ile?" Hilo ndilo swali nililokuwa nalingojea. Alikuwa na watu njiani. Kanuni zote za mchezo zitatoka hapo.

Aprili

Ubao umeanza kuonekana. Fundi seremala wa jirani na shule ametupatia mbao nne za mninga zinazokunjwa kwa bawaba, na kijana wetu wa michoro amechora ramani kutoka Mombasa na ziwa Victoria kaskazini hadi Kasama na mto Zambezi kusini. Reli tatu zimetiwa rangi nyeusi: ya Mombasa kwenda Kisumu, ya Tanga kwenda Moshi, na Reli ya Kati iliyofika Kigoma mwaka 1914, miezi michache tu kabla vita havijaanza. Maji ni ya buluu. Vijiji ni vitone vya kahawia, na kila kitone kina idadi ya magunia ya nafaka. Nitayarudia magunia hayo, maana ndiyo yanayonikosesha usingizi.

Kete zote zinalala kifudifudi. Nyuma zinafanana: kampuni ya askari, msafara wa wapagazi, kundi la rugaruga, hata kete tupu isiyo na kitu. Mchezaji anaona kwamba adui yuko pale, hajui ni nani. Kampuni ya Schutztruppe, jeshi la kikoloni la Wajerumani, upande wa mbele ina askari 160 hivi, Wajerumani wasiofika 20 na bombom (bunduki za rashasha) mbili. Kundi la rugaruga lina watu 20 au 30. Ukiyagonganisha hayo mawili uwanjani, rugaruga anaondolewa ubaoni hapo hapo, hata dadu hairushwi. Mwanafunzi mmoja amelalamika kwamba hiyo si haki. Nimemwambia avumilie mpaka tufike kwenye kazi za rugaruga.

Kazi zenyewe ni tatu. Kufunua kete ya adui iliyo jirani. Kuongoza kampuni yako kwenye maji au chakula usichokijua. Na kubabaisha: kukaa mahali kama kete iliyofichwa, adui akadhani kuna kampuni nzima, akapoteza zamu akijipanga. Hiyo ya tatu ndiyo vijana wameipenda kuliko zote.

Mei

Tumetumia muda mrefu kwenye silaha, na haukupotea bure. Mzee mmoja mwindaji, mwenye kibali, alikubali kutuonyesha gobore lake bila kulipiga. Tulimwamkia, tukakaa kwenye kivuli cha mwembe, yeye akaanza taratibu. Akainua pembe ya baruti na kutuonyesha kipimo cha kumimina mdomoni mwa mtutu. Akachukua kitambaa, akakisukuma ndani kwa ufito mrefu, akashindilia mara kadhaa mpaka ufito ukarudisha mlio mkavu. Kisha risasi ya duara, kisha kitambaa kingine, kushindilia tena. Mwisho akageuza bunduki, akaonyesha pale fataki inapovikwa juu ya chuchu ya chuma, na nyundo inavyovutwa nyuma. Alifanya yote hayo bila haraka, na mikono yake ni mizoefu. Kijana aliyeshika saa alisema muda ule mtu mbio angeshavuka uwanja wa mpira na kurudi.

"Na mvua ikinyesha, babu?"

"Ikinyesha unarudi nyumbani, mjukuu wangu. Au unachomoa panga."

Baada ya hapo hakuna aliyeuliza tena kwa nini rugaruga hapangwi kwenye mstari wa vita. Mwenye risasi moja anachagua pa kuipigia. Anakaa karibu na njia, kwenye kichaka chenye mlango wa nyuma, anapiga, na moshi ukifumba anakuwa ameshaondoka. Tena moshi huo haukuwa wa magobore peke yake. Kampuni nyingi za Wajerumani zilianza vita zikiwa na Mauser za mwaka 1871, zinazotumia baruti nyeusi, kiasi kwamba kila askari aliyefyatua alijitangaza kwa wingu jeupe juu ya kichwa chake. Adui mwenye bunduki mpya isiyotoa moshi alilenga wingu tu. Tumeiandika kanuni: kete yenye bunduki za baruti nyeusi ikipiga, inafunuliwa. Rugaruga akipiga naye anafunuliwa, ila yeye ana hatua moja ya kukimbia kabla ya kujibiwa.

Juni

Mchezo wa kwanza kamili ni wa Tanga. Wanafunzi walitaka kuanza na vita vikubwa, nami sikuwakatalia kwa sababu Tanga ni somo la upelelezi kutoka mwanzo hadi mwisho. Waingereza walileta kwa meli wanajeshi wapatao 8,000 kutoka India, Lettow-Vorbeck akawa na kama 1,000. Usiku wa kuamkia tarehe 4 Novemba 1914, kamanda huyo mwenyewe alipanda baiskeli akaingia mjini, akakuta nyumba hazina watu, akasogea kuelekea Ras Kasone mpaka akaona meli zimewaka taa na kusikia sauti za watu wanaoteremka. Alirudi akijua apange wapi bombom zake. Waliokuwa ufukweni waliingia mashambani wakiwa hawajui nini kiko mbele yao.

Kwenye ubao wetu mwenye Waingereza alikuwa kijana mwerevu kuliko jenerali wa siku ile. Alitanguliza kete ndogo kabla ya jeshi, akafunua kila kitu, akashinda Tanga kwa zamu chache. Nimefurahi sana. Mchezo hauwalazimishi kurudia historia, unawaonyesha ilivyogeukia pale.

Kisha tukahamia Januari 1915, Jasin, mpakani pwani. Wajerumani walishinda, lakini Lettow-Vorbeck alipoteza maofisa ambao hakuwa na pa kuwapata wengine, na risasi zaidi ya 200,000 ziliteketea. Alipiga hesabu kwamba vita vya namna ile angeweza kupigana vingine vitatu tu. Nadhani vita vya msituni vya Afrika Mashariki vilizaliwa kwenye hesabu hiyo ya ghala. Toka hapo akageukia reli ya Uganda, ile ya Mombasa kwenda Kisumu. Doria ziliteremka kutoka upande wa Kilimanjaro, zikavuka nyika kame kuelekea Tsavo na Voi, kila moja ikiwa na Mjerumani mmoja au wawili, askari wawili hadi wanne, na wapagazi watano hadi saba waliobeba maji, chakula na baruti ya kulipua reli. Si kampuni, ni watu kumi hivi. Waingereza wakatanguliza mabehewa ya mchanga mbele ya injini ili yalipukiwe yenyewe, na walipuaji nao wakajifunza kuchelewesha mlipuko.

Doria hizo si za rugaruga, ni za askari wa jeshi, na kwenye ubao tumezipa kete zao. Lakini kazi ni ile ile ya wepesi na habari, na kifo chao mara nyingi kilikuwa kiu. Tumeweka kanuni kali: doria isiyofika kwenye buluu zamu ya tatu inaondolewa, hata kama haijaguswa na adui. Vijana wawili wamepoteza doria zote kwa kanuni hiyo, wakapiga kelele, kisha wakaanza kuisoma ramani kwa kidole kabla ya kusogeza kitu. Sasa wanaijua nyika ya Taru kuliko mimi.

Julai

Sasa magunia.

Askari wa Schutztruppe alilipwa mshahara kwa rupia, na mara nyingi mke wake na mtumishi wake walifuatana naye safarini. Rugaruga wengi walitegemea ngawira. Walikula walichokikuta. Kwenye mchezo ulioishia Juni, rugaruga alipoingia kijijini alipata habari bure. Hivyo sivyo, na sitaki wanafunzi watoke wakiimba sifa za watu wepesi wa porini kana kwamba porini hakuna wenyewe.

Kanuni mpya inasema kila kijiji kina namba mbili: magunia, na radhi. Rugaruga akiingia, anapata habari kwa kadiri ya radhi. Akila, magunia yanapungua. Akila pasipo kulipa, radhi nayo inapungua. Radhi ikifika sifuri, kijiji kinaanza kumwambia adui, na kila kete iliyo karibu nacho inafunuliwa. Kwa maneno mengine, mpelelezi anayemnyang'anya mwenyeji wake anayatoboa macho yake mwenyewe.

Wanafunzi waliuliza kama si kukaza mno. Nikawapeleka nyuma kidogo, kwenye vita vya Maji Maji, 1905 hadi 1907. Huko Wajerumani waliwatumia rugaruga kwa wingi kusini, na kazi yao kubwa mwishowe haikuwa kupigana. Ilikuwa kuchoma mashamba na kubeba au kuteketeza chakula, mpaka njaa ikafanya kile ambacho bombom hazikuweza. Watu waliokufa, wengi wao kwa njaa, wanakadiriwa na wanahistoria kati ya 75,000 na 300,000. Mtu mwenye mkuki na kiberiti ni mwepesi kwelikweli, anafika kila mahali.

Na ukitoka Maji Maji ukaja kwenye vita vyenyewe, kuna Ugogo. Wajerumani walichukua ng'ombe, nafaka na wapagazi, wakaja Waingereza mwaka 1916 wakachukua tena. Mvua ilipokatika, ikaingia njaa ambayo Wagogo wanaiita Mtunya, 1917 hadi 1920. Inakadiriwa watu 30,000 walikufa kati ya 150,000. Kijana mmoja wa klabu ana bibi yake Dodoma. Aliposikia neno Mtunya alisema bibi yake analo, huwa analitaja watoto wakimwaga chakula. Sikuongeza kitu. Tukaandika magunia ya Ugogo kwa rangi nyekundu.

Kanuni ya radhi imebadilisha uchezaji wote. Sasa wanalipa. Wanatafuta chumvi na nguo za kulipia, wanabishana kama inafaa kulala kijijini au kupita. Mchezo umekuwa wa polepole zaidi, na kwangu mimi ni bora zaidi.

Agosti

Upande wa Waingereza nao umepata kete zake nyepesi, kwa sababu wao pia walikuwa nazo. Mwaka 1914 mlowezi Lord Delamere alifanya kazi na wapelelezi wa Kimasai kwenye mpaka wa kusini wa Kenya, na mlowezi mwenzake Berkeley Cole aliunda kikosi cha wapanda farasi wa Kisomali. Kwenye mto Kagera na mpaka wa Uganda, makundi ya pande zote mbili yalivuka na kurudi miezi kwa miezi, yakiiba ng'ombe na kuchoma vituo. Wakati mwingine jamaa wa damu walikuwa kila upande.

Kete niliyoisubiri kwa hamu ni ya Rufiji. Manowari ya Kijerumani Königsberg ilijificha kwenye delta ile, katikati ya mikoko na mifereji, na meli kubwa za Waingereza hazikuweza kuingia. Walimwajiri mwindaji wa tembo, P. J. Pretorius, aliyeijua nchi ile. Akapata wenyeji wa kumwongoza, akaiona manowari kwa macho yake, kisha akatumia muda mrefu kupima vina vya mifereji na kuandika maji yanavyojaa na kutoka. Hakuna risasi hata moja katika kazi hiyo. Tarehe 11 Julai 1915, meli mbili za chini zilizoweza kupita kwenye maji mafupi, Severn na Mersey, ziliimaliza Königsberg. Wajerumani wakazing'oa bunduki zake kubwa 10 na kuzikokota bara. Jina la Pretorius limo vitabuni. Ya wale waliomwongoza kwenye mikoko hayamo, na kwenye kete yetu nimeandika tu "Wenyeji wa delta". Kete hiyo ina nguvu sifuri ya kupigana na nguvu ya juu kabisa ya kufunua kwenye mchezo mzima.

Kijana wa michoro amemaliza sura za kete. Nilimwomba asiwachore rugaruga wenye macho ya kutisha na mafuvu shingoni, kama walivyopenda kuwachora wasafiri wa Kizungu wa karne ya 19. Amewachora wakiwa wamechuchumaa, mmoja anagusa majivu ya moto uliolala, mwingine anaangalia nyayo. Kanga ya mmoja imefungwa kichwani. Kazi nzuri sana.

Septemba

Tumejaribu sehemu ya mwisho: kusini, Novemba 1917. Baada ya mapigano ya Mahiwa, mwezi Oktoba, ambako Waingereza walipoteza watu wapatao 2,700 kwa siku nne, Lettow-Vorbeck hakuwa na chakula wala risasi za kubaki nchini. Alielekea Rovuma. Wakati huo huo kapteni Theodor Tafel alikuwa anashuka kutoka Mahenge na kundi lake ili waungane. Makundi hayo mawili yalikaribiana sana pale mpakani, yakapishana. Hakuna aliyejua mwenzake yuko wapi. Tarehe 25 Novemba Lettow-Vorbeck alivuka mto na kuwavamia Wareno pale Ngomano, akapata bunduki, risasi na chakula. Tafel, asiyejua hayo, watu wake wakiwa hawana cha kula, alijisalimisha tarehe 28.

Nimeiweka hali hiyo ubaoni bila kuwaambia wanafunzi yaliyotokea. Mmoja anacheza Lettow, mmoja Tafel, wawili Waingereza. Lettow na Tafel hawaruhusiwi kusema neno isipokuwa kete ya rugaruga imetembea kutoka kwa mmoja hadi kwa mwingine, na vijiji vya Rovuma vina magunia machache na radhi ya chini. Meza ya kwanza walipishana, kama ilivyokuwa. Meza ya pili, binti yule wa swali la Machi alicheza Tafel. Aliacha kuwatuma rugaruga wake kutafuta chakula, akawatuma wote kusini kutafuta watu. Alipoteza makundi matatu njiani, mawili kwa vijiji vilivyokosa radhi. La nne lilifika. Wakaungana, na Waingereza wakabaki wamekodoa macho kwenye kete tupu mbili.

Yapo ya kumalizia. Kanuni ya habari inayochelewa bado nzito: tunataka ujumbe utembee kwa mwendo wa mtu anayeubeba, na usifike kabisa akikamatwa, kwa maana vita vyenyewe viliisha hivyo. Novemba 13, 1918, Lettow-Vorbeck akiwa ameshaingia Kasama, ni mpanda pikipiki wa Kiingereza aliyekamatwa na karatasi ya simu ndiye aliyewaletea habari kwamba Ujerumani imeweka silaha chini siku mbili nyuma. Wapagazi nao wanahitaji kanuni nzito zaidi, maana waliokufa kwa upande wa Waingereza peke yao wanakaribia laki moja, na kwa sasa ubaoni wanaonekana kama mizigo inayotembea. Hilo nimelipeleka juu ya orodha. Fundi anakata seti ya pili kwa ajili ya shule ya jirani, na ameomba tumpe majina ya vijiji vya Urambo ayachonge yeye mwenyewe.